Saa 48 haziko saa 72

Vijana wenzetu wa Likasi, Kikula, Panda na Shituru, na ninyi wote wenye munatusoma kutoka Lubumbashi, Kambove na Kolwezi,

Munajua namna inaendaka. Kijana anakamatwa asubui. Mbele ya saa sita ya muchana, picha yake inaenea mu magrupe yote ya WhatsApp, na neno moja chini yake: «Mumuachilie!» Siku ya pili makelele ingali juu. Siku ya tano inashuka. Wiki ya pili tuko tayari na habari ingine. Mwenye anabaki kila siku mbele ya mulango wa buloko ni mama yake, na bukari mu sahani yenye kufungwa na kitambaa.

Hatusemi makelele ni mbaya. Makelele ilishatoa watu, na tutaendelea kuipiga. Lakini haitoshi. Tunaandika leo kwa kusema jambo moja: kila kifungo iko na kalenda yake, na kalenda ile haikuandikwa na mouvement citoyen. Iliandikwa na sheria ya inchi. Wakati wenye kufunga wanaivunja, iko mahali pa kwenda kuwauliza: mbele ya juge. Sisi vijana hatujazoea kwenda pale. Tuzoee.

Uhuru njo kanuni

Tuanze na Katiba ya tarehe 18 Februari 2006. Artikle ya 17 inasema uhuru wa mutu njo kanuni, na kifungo ni jambo la kando, lenye kufanyika paka wakati sheria inaruhusu na kwa namna sheria inapanga. Musome tena pole pole. Wengi wetu tulikomea tukiamini kinyume: kwamba kutembea huru ni zawadi ya wakubwa, na kwamba mutu akishaingia mu cachot, ni yeye njo anapashwa kuonyesha juu ya nini atoke. Hapana. Mwenye kufunga njo anapashwa kuonyesha juu ya nini anafunga. Ile artikle inamaliza na neno lingine: mutu mwenye kushitakiwa anahesabiwa hana kosa mpaka hukumu ya mwisho.

Artikle ya 18 inaingia mu mambo ya kila siku. Mutu mwenye kukamatwa anapashwa kuambiwa mara moja sababu ya kukamatwa kwake, na mu luga yenye anasikia. Anapashwa kuambiwa haki zake. Anapashwa kuruhusiwa mara moja kuita jamaa yake ao avoka wake. Na polisi hawezi kumubakisha zaidi ya saa 48. Saa zile zikiisha, njia ni mbili tu: aachiliwe, ao apelekwe mbele ya wakubwa wa sheria wenye uwezo juu ya kesi yake. Artikle ya 19 inaongeza kwamba haki ya kuwa na avoka inaanza tangu kwa polisi, haingoje siku ya kesi.

Saa 48 haziko saa 72. Haziko «ngoja chef arudie kutoka Lubumbashi». Haziko «leo ni siku ya Mungu, mukuje siku ya kwanza». Katiba haikuandika «saa 48 za kazi».

Kalenda ya Ilunga

Kisha Katiba, iko sheria ya kufwatilia makosa, ile ya tarehe 6 Agosti 1959, yenye ilirekebishwa mara kadhaa. Pale ndani njo kuko kalenda yote ya kile ba juriste wanaitaka «détention préventive», ni kusema kifungo cha kungojea hukumu. Tuifwate na mufano. Tumuite kijana Ilunga, jina la kufikiri tu. Anakamatwa siku ya kwanza, saa tatu ya asubui, juu alikuwa anagawa makaratasi ya kuuliza sababu ya kukosa moto wa umeme mu kartie yao.

Siku ya tatu, saa tatu ya asubui, saa za polisi zimeisha. Kama OPJ hajamuachilia, Ilunga anapashwa kuwa mu mikono ya parquet.

Pale parquet, magistrat anapashwa kwanza kumuuliza maneno na kusikia majibu yake. Kama hakumuuliza, hana ruhusa ya kumufunga. Na anapashwa kuangalia kosa lenyewe. Artikle ya 27 inaomba alama za nguvu zenye kuonyesha kwamba yeye njo alifanya, na kosa lenye malipizi yake inafika hata miezi 6 ya buloko. Kama malipizi iko chini ya miezi 6 lakini inapita siku 7, kifungo kinawezekana paka kama kuko woga wa kukimbia, ao hakuna mwenye kumujua vizuri, ao usalama wa watu wote unalazimisha kabisa.

Kama masharti ile inapatikana, magistrat anaandika karatasi yenye kichwa «mandat d'arrêt provisoire». Ile karatasi haiko ruhusa ya kumusahau Ilunga. Artikle ya 28 inasema, kama juge iko mu muji mumoja, Ilunga anapashwa kufikishwa mbele yake mu siku 5, zaidi ya pale hapana. Hapa Likasi tuko na Tribunal de Paix. Hakuna barabara ya kuhesabu, hakuna mvua, hakuna lori yenye imekwama. Kama karatasi iliandikwa siku ya tatu ya wiki, mwisho ni siku ya kwanza yenye kufwata.

Mbele ya juge, mambo inafanyika mu chumba chenye kufungwa, ile wanaitaka «chambre du conseil». Parquet inaomba, Ilunga anasema, avoka wake anasema. Juge akikubali, kifungo kinakuwa cha siku 15, pamoja na siku ile ile ameamua. Haiko siku 15 kuanzia kesho yake. Siku ya 16, kama hakuna karatasi mupya, hakuna kifungo.

Kisha juge anaweza kurefusha, mwezi kwa mwezi, kama faida ya watu wote inalazimisha. Lakini kama kosa lenyewe halipiti miezi 2 ya buloko, anaweza kurefusha mara moja tu. Kama malipizi ni miezi 6 ao zaidi, mwisho ni mara tatu. Kisha mara tatu, kurefusha kunaamuliwa na juge mu tribinali yenye milango wazi, mbele ya watu wote.

Hesabu pamoja nasi: siku 2 za polisi, siku 5 za mandat, siku 15 za juge, miezi 3. Ni karibu siku 112. Nyuma ya pale, kila siku inaomba sababu yenye kusemwa mbele ya watu. Sasa mujiulize: ngapi kati ya vijana, wachimbaji, ba motard na bamama wa soko wenye munajua walipitisha siku ile mu buloko bila kuona juge hata mara ya pili?

Kwa hiyo musikie vizuri: kila karatasi iko na siku yake ya kufa. Ikikufa, kifungo nacho kinakufa, hata kama mulango haujafunguliwa. Mwenye kumushika Ilunga kuanzia saa ile anamushika bila haki.

«Hiyo ni makosa madogo ya karatasi»

Tunajua maneno yenye watu watatujibu. «Kama alifanya kosa, saa ngapi alifika mbele ya juge inatusaidia nini? Hiyo ni michezo ya ba avoka kwa kutosha wezi.»

Tunaelewa ile hasira. Mutu mwenye waliiba moto yake hataki kusikia neno «procédure». Lakini aangalie upande wa pili. Juge anayeamua kama mutu iko na kosa ao hapana, hiyo ni kesi, na kesi inakuja na wakati wake. Mambo ya siku na saa haigusi kama mutu ni mwizi. Inagusa kama mutu mwenye bunduki na lufungula anaweza kukubakisha mule ndani kwa mapenzi yake. Kama ile siku ya tatu inakuwa ya polisi, nani atakataza siku ya kumi isikuwe yake vilevile? Ukuta wenye unatenganisha kifungo na kuibwa kwa mutu ni ile karatasi, ile tarehe, ile sinyatire. Ni ukuta mwembamba. Hakuna mwingine.

Na tuseme wazi: kutokea mu kifungo cha kungojea haiko kufutiwa kesi. Ilunga anarudi nyumbani na kesi yake inaendelea. Kama alivunja kitu, atalipa. Lakini atajitetea akiwa ametoka kitandani mwake, haiko kwenye simenti.

Tulishaona

Kwa wenye wanafikiri tunasema mambo ya kwenye vitabu, turudie nyuma kidogo.

Tarehe 15 Machi 2015, mu Kinshasa, Fred Bauma wa LUCHA na Yves Makwambala wa Filimbi walikamatwa kwenye mukutano wa vijana pale Masina. Agence nationale de renseignements ikawashika bila avoka na bila jamaa: Yves siku 40, Fred siku 50. Gawanya na siku 2 za Katiba. Kwa Yves ni mara 20, kwa Fred ni mara 25. Kisha wakapelekwa mu Makala. Walitoka mwisho wa mwezi wa Agosti 2016, kwa uhuru wa muda wenye ulitolewa na Cour suprême de justice. Zaidi ya mwaka moja na miezi mitano ya maisha ya vijana wawili.

Watu walisema basi: «Haki ya Congo inaenda pole pole.» Haiko kweli. Tarehe 16 Februari 2016, mu Goma, vijana sita wa LUCHA walikamatwa usiku wakitayarisha siku ya «ville morte». Tarehe 24 Februari walikuwa wamekwisha kuhukumiwa miaka 2, yenye korti ya rufaa ilipunguza mpaka miezi 6. Siku nane. Kwa hiyo tribinali inajua kukimbia. Swali ni wakati gani inakimbia, na wakati gani inalala.

Hapa kwetu mu Haut-Katanga, mu mwezi wa Julai 2017, Timothée Mbuya wa Justicia na wenzake walikamatwa mu Lubumbashi wakati vijana walikuwa wanadai kalenda ya uchaguzi. Musisahau kwamba walidai tarehe tu. Mu ile Kasapa ya Lubumbashi, mu Septemba 2020, moto uliwaka, wafungwa wakashika buloko yote, na wanawake wakabakwa siku kadhaa mbele ya askari kurudia kuchukua ulinzi. Mutu mwenye hajahukumiwa, mwenye Katiba inasema hana kosa, anaweza kupitia mambo kama yale kwa sababu mutu moja hakutazama tarehe kwenye karatasi.

Na habari yenye kuuma zaidi ni ile ya Jean-Marc Kabund. Tusikubaliane naye ao tukubaliane naye, haiko shida yetu hapa. Alikamatwa tarehe 9 Agosti 2022. Siku chache tu kisha, Cour de cassation, korti ya juu ya inchi, iliamua atoke mu Makala akae nyumbani chini ya ulinzi. Parquet haikutekeleza. Akabaki mu Makala. Kama korti ya juu inasema na parquet haisikii, mama wa Kikula atafanya nini na mutoto wake?

Basi inasaidia nini kwenda mbele ya juge?

Hilo njo swali la kweli, na hatutalikimbia. Hatutawaambia kwamba mukishapeleka karatasi, mulango utafunguka kesho. Inaweza kukataliwa. Inaweza kukubaliwa na isitekelezwe. Fred na Yves walikuwa na ba avoka wengi na macho ya dunia yote, na bado walingoja.

Lakini tuko na sababu tatu za kwenda.

Ya kwanza: mara nyingi mambo haivunjwe na ubaya mukubwa, inavunjwa na mazoea. OPJ anazoea kwamba hakuna mwenye kuhesabu. Magistrat anazoea kwamba karatasi yenye ilikufa haiulizwi. Siku ile avoka anasimama na kusema «mandat hii ilikufa jana», kila mutu mu ile chumba anajua kwamba dosie hii iko na macho juu yake. Na dosie ya pili vilevile.

Ya pili: neno lenye kusemwa mbele ya juge linaandikwa. Makelele ya mu telefone inapita, lakini hukumu inabaki, hata ile ya kukataa. Na kama tunataka kufika siku moja mbele ya Tume ya Afrika ya haki za binadamu na za watu, pale Banjul, artikle ya 56 ya Charte ya Afrika inaomba kwamba tumalize kwanza njia za hapa inchini, ila kama zinavutwa bila mwisho. Ni kusema mulango wa Banjul unaanzia Tribunal de Paix ya Likasi. Mwenye hakupiga hapa, kule watamuuliza juu ya nini.

Ya tatu: hatuendi kwa ajili yetu tu. Mouvement ikikamatwa, kuko watu wa kupiga simu. Mutoto mwenye anachimba mukuba, mwenye hana mutu mu muji huu, hana simu ya kupiga. Kila mara tunalazimisha kalenda ifwatwe kwa Ilunga, tunamufungulia yeye njia kidogo.

Milango iko wapi

Mukataba wa kimataifa wa haki za raia na za siasa, wenye inchi yetu iliingia mu 1976, unasema mu artikle ya 9 kwamba kila mutu mwenye kufungwa iko na haki ya kwenda mbele ya tribinali ili iseme bila kukawia kama kifungo chake kinafwata sheria, na kama hakifwate, imuachilie. Na artikle ya 215 ya Katiba inaweka mikataba kama ile juu ya sheria za kawaida. Lakini mu sheria yetu ya 1959 hakuna mulango moja mukubwa wenye kuandikwa jina lile. Iko milango kadhaa midogo, na inafaa kuijua.

Mulango wa kwanza ni ile siku ya kwanza mu chambre du conseil. Kabla ya kubishana juu ya kosa, avoka anaomba juge atazame tarehe: alikamatwa saa ngapi, mandat iliandikwa lini, alifika hapa lini, aliulizwa maneno ao hapana, aliambiwa mu luga gani. Kijana mwenye anasikia Kiswahili na Kibemba tu, mwenye alitia sinyatire chini ya kurasa tatu za Kifaransa bila kusomewa, hiyo haiko jambo ndogo. Katiba yenyewe inasema.

Mulango wa pili unarudia kila mara kifungo kinarefushwa. Musiseme «tulishakataliwa, basi». Kila mwezi parquet inapashwa kuomba tena, na kila mwezi avoka anaweza kusema tena. Pale pale anaweza kuomba uhuru wa muda. Kama juge anaomba feza ya kaution, ile feza inawekwa kwenye greffe, na karatasi ya kushuhudia inatolewa. Ni feza yenye inarudishwa kama mutu anajitokeza kila mara anaitwa. Feza yenye haina karatasi haiko kaution. Munajua jina lake.

Mulango wa tatu ni rufaa mbele ya Tribunal de Grande Instance. Hapa musilale: sheria inatoa saa 24 tu. Sisi tunadai wao waheshimu saa zao, na sisi tuheshimu zetu. Wengi wanapoteza rufaa juu jamaa ilijua habari kesho kutwa.

Mulango wa nne ni siku ya kesi yenyewe. Mbele ya kugusa kosa, avoka anasimama kwanza juu ya kifungo na juu ya ma PV yenye ilifanywa bila kufwata sheria, anaomba yatupwe inje.

Na kama ni kumushika mutu kwa nguvu bila karatasi yoyote, artikle ya 67 ya kodi ya malipizi inaita ile kosa, na inalilipisha mwaka 1 mpaka 5 ya buloko. Mwenye kufunga naye anaweza kushitakiwa. Uniforme haifuti artikle.

Daftari

Yote ile haiwezekani kama hakuna mwenye kuandika. Avoka akifika siku ya sita na hakuna mwenye kujua saa ya kukamatwa, ataomba nini? Parquet itasoma tarehe yenye OPJ aliandika, na OPJ anaweza kuandika tarehe yenye anataka.

Kwa hiyo tunaomba kila kikundi chetu, kila kartie, ikuwe na daftari. Daftari ya karatasi, juu telefone inakamatwa pamoja na mwenyewe. Mutu akikamatwa, muandike: siku na saa, mahali, wenye kuona, namba ya gari kama iliko, alipelekwa wapi. Jamaa ikienda kumuona, iandike saa ilifika na jibu yenye ilipewa, hata kama jibu ni «haiko hapa». Karatasi yoyote yenye jamaa inapewa, mupige picha mara moja. Ile siku mandat inaandikwa, muzungushe na bic nyekundu siku ya 5. Ile siku juge anaamua, muzungushe siku ya 15. Ni kazi ya mutoto wa shule, na njo silaha kubwa kuliko zote zenye tuko nazo.

Feza ya avoka ni shida, tunajua. Lakini kwenye barreau kuko ofisi ya kushauri watu bila malipo, na kuko ba défenseur judiciaire wenye wanafanya kazi mbele ya tribinali zetu. Kidole kimoja hakivunji chawa: tukusanye kidogo kidogo kila mwezi, tusingoje siku ya huzuni ndio tuanze kupitisha kofia.

Tunaomba

Kwa hiyo, sisi vijana raia wa Likasi:

1. Tunaomba wakubwa wa polisi waandike ukweli mu rejista na mu PV: siku na saa ya kuingia, siku na saa ya kutoka. Na waache mutu aite jamaa yake mara moja, bila kulipisha simu.

2. Tunaomba parquet itembelee macachot yote ya muji, ile yenye kujulikana na ile yenye haijulikane, na kuachilia pale pale kila mutu mwenye saa 48 zake ziliisha.

3. Tunaomba ba juge wa Tribunal de Paix watazame tarehe mbele ya kutazama kosa, na wasikubali kurefusha kifungo kwa karatasi bila kumuona na kumusikia mutu mwenyewe.

4. Tunaomba barreau itume ba avoka kwenye macachot, haiko kwenye tribinali tu. Mutu anapotea siku za kwanza.

5. Tunaomba uamuzi wa kuachilia utekelezwe siku ile ile unatolewa. Magistrat wa parquet mwenye hakubaliani na juge iko na rufaa, kama vile sisi. Hana haki ya kuficha lufungula.

Na ninyi vijana, tunawaomba jambo moja. Buluwo iko hapa karibu, na sisi wote tunajua jina lile tangu utoto: wakubwa walikuwa wanatutisha nalo. Tusikubali watutishe nalo tena. Mara ya kwanza mwenzetu atakamatwa, kabla ya kuweka picha yake, mujibu kwanza maswali tatu: alikamatwa saa ngapi, iko wapi, nani anaandika? Kisha muweke picha, na chini ya picha muweke hesabu: saa 10, saa 30, saa 47.

Na saa 48 ikifika, tukuwe pale mbele ya mulango, pole pole, bila mawe, daftari mu mukono, avoka pembeni. Tuulize swali moja tu: «Karatasi iko wapi?»

Tumeandika hapa Likasi, Haut-Katanga.

Uhuru njo kanuni. Tuhesabu siku.